Suruali Mpya na Maili Ishirini na Tano kwa Saa

Haya, chekeni tu, maana mimi mwenyewe nimeshachoka kuona aibu. Kisa hiki hata mke wangu hakukisikia kwangu, alikisikia sokoni Same kwa mama mmoja muuza tangawizi, miaka miwili baada ya ndoa yetu, akarudi nyumbani, akaweka kapu chini, akaniangalia kiunoni, akaanza kucheka mpaka akakaa sakafuni. Sikumuuliza anacheka nini. Mwanaume aliyewahi kwenda kuposa akaishia kujifunga blanketi la mama mkwe hana haja ya kuuliza watu wanacheka nini.

Wakati ule nilikuwa mwalimu kijana pale Same, bado nina nywele, nafundisha hesabu darasa la saba, na nawaambieni ukweli, sijawahi kukutana na mtu mwenye majivuno kama mimi wa miaka ile. Nchi ilikuwa changa, wasomi tulikuwa wa kuokoteza, na ukijua desimali mbili tatu basi watu wanakuletea kila kitu uwapigie hesabu, mabati ya zahanati, magunia ya shamba la kijiji, hata mtoto atazaliwa mwezi gani, nami sikukataa hata moja. Nilikuwa natembea na kipande cha chaki mfuko wa shati (cha nini, sijui, hewani huandiki), na mtu akiuliza jambo naangalia juu kidogo, nakunja paji la uso, natoa jibu. Wakati mwingine lilikuwa sahihi.

Basi nikampenda Nakunda. Nakunda alikuwa mwalimu mwenzangu, anafundisha kwao Chome, kule juu karibu na msitu wa Shengena, ambako ukiamka asubuhi unakuta mawingu yako chini ya miguu yako. Tulikutana kwenye semina ya walimu. Mimi nilimpenda siku hiyo hiyo, yeye alichukua muda wake, akanichunguza, akaniuliza maswali kama anayesahihisha daftari, mwishowe akasema haya, tuma watu kwa baba. Shida ni kwamba sikuwa peke yangu. Kulikuwa na karani mmoja wa ushirika wa kahawa, kijana wa Mhezi anaitwa Elieza, mwenye kalamu tatu mfukoni na kichwa kidogo cha kutosha kalamu moja (nasema kwa wivu, najua, niacheni), na yeye alishatuma watu wake kabla yangu.

Baba yake Nakunda, Mzee Eliamani, alikuwa mzee wa kanisa, Msabato wa kweli kweli. Kwake yeye jua la Ijumaa likizama, dunia imefungwa. Hakuna moto mpya jikoni, hakuna sindano, hakuna biashara, hakuna maneno ya mahari, mpaka jua la Jumamosi nalo lizame. Mjomba wangu Rajabu, ambaye ndiye alikuwa mshenga wangu, alipopanda kwenda kuulizia, mzee alimpa jibu moja.

"Nitawasikiliza Jumamosi jioni, Sabato ikitoka. Lakini atakayeingia kwangu Ijumaa jua likiwa bado lipo, mizigo yake ikashushwa, huyo ni mgeni wa posa. Atakayeingia gizani ni msafiri. Msafiri nitampa chakula na mahali pa kulala, basi."

"Na wakiingia na jua wote wawili?" Mjomba akauliza.

"Hapo atachagua Nakunda mwenyewe."

Na Nakunda alimsindikiza Mjomba mpaka njiani, akamwambia maneno ambayo mpaka leo nikiyakumbuka natamani kujizaba kofi: "Mwambie afike na jua. Mengine aniachie mimi." Mnasikia? Msichana alishanichagua. Kazi yangu ilikuwa moja tu, kufika. Hata mbuzi hufika.

Lori tuliazimwa na kijiji kimoja cha ujamaa kule Kwakoa, kwetu nilikozaliwa, kwa sharti kwamba Jumapili lirudi na viazi na ndizi za duka la kijiji. Dereva wake aliitwa Mashaka, mtu wa Tabora aliyekuja huku ujana wake kukata mkonge, akatoka kwenye mkonge akaingia kwenye usukani. Ijumaa saa nane mchana lori lilikuwa limesimama barazani kwa fundi cherehani pale Same, mbuzi wawili juu, blanketi la mama mkwe likiwa bado kwenye karatasi yake ya dukani, na Mjomba Rajabu ametoka sala ya Ijumaa, kanzu yake nyeupe mpaka inaumiza macho. Kila kitu kilikuwa tayari isipokuwa suruali yangu.

Maana mimi bwana, mimi nilikuwa nashonesha suti. Ile ya koti la mikono mifupi na mifuko minne, waliyokuwa wakivaa wakubwa wakija kwenye mikutano. Koti lilikuwa tayari. Suruali ilikuwa vipande viwili juu ya meza ya fundi, na fundi mwenyewe alikuwa ndiyo kwanza anatafuta miwani.

"Mwanangu," Mjomba akasema, "vaa hiyo uliyonayo, twende zetu. Hakuna mtu anayeoa suruali."

Ningemsikiliza hapo hapo, leo nisingekuwa na kisa cha kuwasimulia. Lakini nikawaza, nitamwendea vipi Elieza na kalamu zake tatu nikiwa na suruali iliyofifia magoti? Nikamgeukia Mashaka, nikamuuliza kwa sauti ya darasani (kulikuwa na watu barazani, na mimi mbele ya watu sijiwezi): mwendo wako bondeni ni maili ngapi kwa saa? Akasema bondeni, kutoka hapa mpaka Makanya, arobaini. Na mlimani, kutoka Makanya mpaka Chome? Akasema mlimani ni kumi, mwalimu, na hizo kumi ni kwa rehema ya Mungu. Njia ni maili ngapi? Arobaini jumla, ishirini za bondeni, ishirini za mlima.

Nikatoa chaki yangu. Nikaenda nyuma ya lori, kwenye ule ubao wa kufungia mizigo, nikaandika kwa mwandiko mkubwa: arobaini, chini yake kumi, nikajumlisha, hamsini, nikagawanya kwa mbili, ishirini na tano. Wastani wa mwendo, maili ishirini na tano kwa saa. Maili arobaini ukizigawanya kwa ishirini na tano, unapata saa moja na dakika thelathini na sita. Nikapiga mstari chini yake, mistari miwili kabisa, kama ninavyofanya darasani.

"Tukiondoka saa kumi na nusu," nikasema, "tunafika saa kumi na mbili na dakika sita. Jua linazama kwenye saa kumi na mbili na nusu. Fundi, shona kwa raha zako."

Mzee mmoja aliyekuwa anasubiri koti lake akatikisa kichwa, akasema elimu ni kitu kikubwa. Mjomba akaangalia jua, akaangalia ubao, akakaa juu ya gunia. Mashaka akasema hesabu ni zako mwalimu, mimi kazi yangu ni mguu, akajilaza chini ya lori na kofia usoni. Hakuna aliyenipinga, na ndilo tatizo la kuwa msomi kati ya watu wenye adabu.

Saa kumi na nusu juu ya alama nikapanda lori nimevaa suti mpya, suruali ikiwa bado ina joto la pasi, mshono wa nyuma fundi ameupitisha mara moja tu kwa haraka (alinong'ona kitu kuhusu kuchuchumaa, sikumsikiliza), na suruali yangu ya zamani nimeiacha kwake kwenye msumari. Saa kumi na moja kamili tuko Makanya. Nusu ya njia, nusu saa! Nikampiga Mjomba begani nikamwambia unaona, hata hesabu yangu tunaishinda. Tukapinda kushoto, hatukusimama hata kununua maji, tukaanza kupanda.

Ndugu zangu, mlima. Lori lilikuwa linapanda kama mtu anayepeleka habari za msiba. Kila kona Mashaka anarudi nyuma kidogo ndipo aimalize, mbuzi wanateleza huku wanateleza kule, vumbi linaingia kwenye suti, na mimi naangalia saa ya Mjomba kila tukimaliza kona. Saa kumi na mbili. Saa kumi na mbili na dakika sita, ile yangu ya mistari miwili, tukiwa kwenye mteremko wa migomba ambao hata jina lake sikulijua. Nikagonga juu ya kabini.

"Mashaka, ongeza!"

"Mwalimu," akajibu bila kugeuka, "nikiongeza tutafika mapema kweli, ila siyo Chome."

Jua tuliliona likizama. Kutoka kule juu unaona bonde lote mpaka kwa Wamasai, kila kitu chekundu, pazuri ajabu, mtu mwingine angemshukuru Mungu. Mimi nilikuwa nimeshika ubao wa lori na kulitukana jua kimoyomoyo, halafu tusi nikamhamishia Mashaka, maana jua halikuwa na kosa na mimi pia, kwa maoni yangu ya wakati ule, sikuwa na kosa.

Tulisimama kwa Mzee Eliamani saa moja kamili, giza tayari. Ndani walikuwa wanaimba. Mlangoni nikaona viatu vilivyopangwa, na pembeni mikongojo minne ya kutembelea, na nikajua ni ya watu wa Elieza. Walikuwa wametoka Mhezi kwa miguu tangu mchana, taratibu, wakapokewa jua likiwa bado juu ya miti.

Mzee akatoka. Nikasema shikamoo baba. Akasema marahaba, akaliangalia anga, akaniangalia mimi.

"Karibuni, wasafiri," akasema. "Mbuzi wateremsheni wanywe maji, mnyama hana kosa. Mizigo mingine ibaki kwenye lori. Ndani kuna chakula, ila ni cha baridi, moto tumeshazima."

Tukala makande ya baridi, tumekaa kando na watu wa Elieza, hakuna anayetusema vibaya, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Nakunda alileta maji ya kunawa. Hakuniangalia mpaka alipofika kwangu, ndipo akauliza polepole, "Mliharibikiwa njiani?" Nikasema dereva. Neno hilo moja tu, dereva. Akalishika jagi lake akaondoka.

Sasa mnadhani aibu imekwisha? Kesho yake ilikuwa kanisani. Tulikwenda wote, Mjomba na kanzu yake pia (alisema Mungu ni mmoja, na tena hakukuwa na pengine pa kukaa). Nikakaa benchi la mbele, maana nilitaka watu waione suti. Mzee Eliamani akasema tupige magoti tuombe. Nikapiga magoti. Sala ikawa ndefu, ya wagonjwa, ya mvua, ya taifa letu changa, ya wasafiri (hapo alivuta sauti kidogo), na alipofika kwenye wasafiri nikajiinamisha zaidi kuonyesha unyenyekevu, na ile suruali ikaachia. Ilianzia juu ikaenda mpaka chini, kwa mlio ambao kanisa zima, likiwa kimya na macho yamefumbwa, liliusikia vizuri sana. Nyuma yangu kulikuwa na benchi la akina mama.

Hakuna aliyecheka. Wasabato wale wana nidhamu, walinyamaza wote, ila benchi la nyuma yangu lilikuwa linatetemeka.

Kushona sasa. Mama mmoja mwema akaniambia tukitoka nje, uzi ninao na sindano ninayo, mwanangu, jua likizama tu njoo nikushonee. Jua likizama! Ilikuwa saa tano asubuhi. Suruali ya zamani iko Same kwenye msumari. Mjomba hawezi kunipa kanzu akabaki hivi hivi. Akaenda kwenye lori, akapekua, akarudi na kitu pekee kilichokuwepo, lile blanketi, akachana karatasi, akanifunga kiunoni. Nikashinda Jumamosi nzima kwenye ua wa watu, mbele ya Elieza aliyevaa kaptura safi iliyopigwa pasi, koti la mkubwa juu na blanketi la mistari chini. Mama yake Nakunda akapita, akaliangalia blanketi lake, akalitambua, maana Mjomba alishamtajia zawadi zote mara ya kwanza. "Ni zuri," akasema. "Limekupendeza." Akaendelea na safari yake.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo nilipojimaliza, na hapakuhitaji suruali wala blanketi, palihitaji mdomo wangu tu.

Jua likazama, Sabato ikatoka, taa ya chemli ikawashwa, na kabla sijapata kushonewa tukaitwa uani wote, wazee wa ukoo, Elieza na watu wake, mimi na Mjomba, Mashaka amechuchumaa pembeni na kikombe cha chai. Mzee Eliamani akasema, kwa haki wale wa Mhezi ndio wageni wa posa, lakini huyu mwalimu naye ametoka mbali, ninataka nijue kwa nini alichelewa. Alisema kwa upole kabisa. Mlango ulikuwa wazi. Ningesema nisameheni baba, nilikuwa nasubiri suruali, wangecheka, tukacheka, kwisha.

Mimi nikasimama na blanketi langu, nikasema sikuchelewa mimi, alichelewa dereva. Nikasema mimi nilipiga hesabu, na hesabu haidanganyi, kwa mwendo aliousema mwenyewe tulitakiwa kufika dakika sita baada ya saa kumi na mbili, kwa hiyo kama tulifika saa moja, basi mtu alikuwa analala kwenye usukani. Na nikaongeza, Mungu anisamehe, nikaongeza, "Lakini mtu wa kukata mkonge atajua wapi mambo ya saa?"

Mashaka akaacha kunywa chai.

"Hesabu yenyewe ipo," nikasema, "iko nyuma ya lori, njooni muone," nikatangulia na taa, na uwanja mzima ukanifuata. Ilikuwapo kweli. Vumbi la maili arobaini halikuifuta. Mistari yangu miwili ilikuwa chini yake, imenyooka.

Elieza akasogea, akainamisha kichwa chake kidogo, akasoma kwa sauti. "Arobaini na kumi, hamsini, kwa mbili, ishirini na tano. Ni sahihi kabisa," akasema. Mara ya kwanza na ya mwisho mimi na karani yule kukubaliana jambo, na tulikubaliana upuuzi.

"Mwalimu Nakunda," nikasema kwa ushindi, "wewe unafundisha hesabu. Waambie."

Nakunda alikuwa amesimama nyuma ya mama yake. Akanitazama kwanza. Nadhani alikuwa ananipa nafasi ya kunyamaza, na mimi nafasi kama hizo huwa sizioni. Akaja mpaka kwenye taa.

"Makanya mlifika saa ngapi?"

"Saa kumi na moja kamili. Nusu saa tu, hapo alikwenda vizuri."

"Mlisimama?"

"Hatukusimama."

"Kutoka pale mpaka hapa ni maili ishirini. Kwa maili kumi kila saa, ni saa ngapi?"

Nikafungua mdomo nijibu haraka kama kawaida yangu. Jibu lilikuja, na lilipokuja nikatamani lori linikanyage. "Mbili," nikasema.

"Saa kumi na moja, ongeza saa mbili."

Akajibu Mjomba Rajabu, ambaye shule aliyosoma ni ya Kurani peke yake, lakini saa anaijua: "Saa moja."

"Saa moja," Nakunda akasema. "Ndiyo saa mliyofika. Huyu baba hakupoteza hata dakika. Maili arobaini kwa saa mbili na nusu ni maili kumi na sita kwa saa, siyo ishirini na tano. Kwenye arobaini mlikaa nusu saa, kwenye kumi mlikaa saa mbili, halafu wewe umezigawia sawa kama watoto wa tumbo moja."

Mjomba akashika kiuno. "Kumbe," akasema, "tulichelewa tukiwa bado Same."

Hapo ndipo watu walipocheka, na Sabato ilishatoka, kwa hiyo hawakujizuia. Elieza naye akasema, "Kumbe, hata mimi nilikosea," akacheka, akarudi akakaa. Hayo tu. Mimi nikaanza kueleza kwamba kanuni ile ipo kwenye vitabu, kwamba barabara nayo haikuwa ya kawaida, kwamba kimsingi, na kila nikieleza blanketi linateremka nalivuta.

Nakunda akanikatiza. "Asubuhi nilimwomba baba akusikilize hata kama ulichelewa," akasema, siyo kwa hasira, na heri ingekuwa kwa hasira. "Alikubali. Ndiyo maana alikuuliza. Kuchelewa ningekusamehe, na hesabu ningekufundisha. Lakini huyu mtu amekubeba mpaka hapa, kosa ni lako, na wa kwanza uliyemtupia ni yeye, tena kwa kumdharau. Siku ugali ukiungua utanitupia mimi."

Mzee Eliamani akasema karibuni chai.

Jumapili asubuhi lori likapakiwa viazi na ndizi. Mbuzi wangu nilirudishiwa, na blanketi pia, mama mkwe ambaye hakuwa mama mkwe alilikunja vizuri akasema limeshapata mwenyewe. Nikaweka mguu kwenye tairi nipande. Mashaka akatoa kichwa dirishani.

"Mwalimu, mimi mtu wa mkonge, mambo ya saa siyajui. Usije ukachelewa tena kwa ajili yangu. Tangulia tu kwa miguu."

Nikamtazama Mjomba aniombee. Mjomba akapanda mbele, akakaa karibu na dereva, akafunga mlango, akasema tutakusubiri Makanya. Nikashuka mlima mzima na mbuzi wawili, koti la mkubwa, suruali yenye mshono wa uzi mweusi juu ya kitambaa cha kijivu, na blanketi begani, na kila kijiji nilichopita watoto walikuwa wanaulizana kama mimi ni mfanyabiashara au ni mwendawazimu. Mashaka nilimwomba radhi pale Makanya. Akasema yameisha, akanipa ndizi moja. Nikaila.

Mngedhani nimejifunza. Nilikaa wiki nikijitukana, halafu nikaanza kujipa moyo, nikasema msichana alikuwa amenipenda, hasira itapoa, nitarudi, na safari hii nitafika mapema mpaka wachoke. Shule zilipofungwa nikapanda Chome kwa miguu, suruali ya zamani iliyofifia magoti, bila mshenga, bila lori, bila chaki. Nilifika Alhamisi. Alhamisi mchana, Sabato bado siku nzima na zaidi.

Mzee Eliamani alikuwa barazani anamenya mua.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Leo umewahi."

"Nimewahi, baba."

"Umewahi sana," akasema, akaendelea na mua wake. "Kaa upumzike. Watu wa Elieza walikuja tena wiki mbili zilizopita. Nakunda amekubali."

Nilikaa. Nakunda akatoka na bakuli la makande, safari hii ya moto, akaniwekea mbele, na mimi, mbele ya baba yake, nikasema jambo la kijinga kuliko yote niliyowahi kusema, nikasema, "Lakini leo nimewahi siku nzima."

Akanitazama kwa huruma, na huruma yake ilikuwa mbaya kuliko ule mlio wa kanisani.

"Mwalimu," akasema, "bado unapiga hesabu ile ile. Siku ile ulichelewa nusu saa, leo umewahi siku nzima, unataka tujumlishe tugawanye kwa mbili."

Basi ndiyo hivyo. Tangu siku hiyo nguo ambayo haijawa tayari usiku wa kuamkia safari sisafiri nayo, hata kama naitwa na waziri, na mtu akinipandisha kwenye gari lake namwita baba hata kama ni mdogo kwangu. Darasani nimefundisha wastani wa mwendo miaka yote mpaka nikastaafu, na hakuna mwanafunzi wangu hata mmoja aliyewahi kujumlisha miendo miwili akagawanya kwa mbili, maana nilikuwa nawaambia tafuteni muda kwanza, muda kwanza, mpaka wakaniita hivyo, Mwalimu Muda Kwanza. Hawakujua limetoka wapi, na ninyi mkiwaambia nitakana.

Yale makande niliyala yote. Yalikuwa matamu. Nikaaga, nikashuka jua likiwa bado juu, na njia nzima sikuwa na mahali popote pa kuwahi.